Leseni ya Norval

Jumatatu, 21 Septemba

Shajara hii ilitoka kwa kampuni ya mbegu. Kila mkulima hupewa moja kabla ya Krismasi na wengi huandikia humo namba za simu tu. Yangu ilikuwa nyeupe mpaka leo. Nimeona niijaze kidogo msimu huu wa viazi vya sukari, vile vinavyokamuliwa sukari kiwandani, maana jioni nyumba iko kimya na nimechoka kuongea na redio. Kwa hiyo, mwenzangu, nitaongea na wewe.

Asubuhi alikuja Duane Bjerke, meneja wa kituo cha kupimia malori ya viazi. Alikaa ndani ya gari lake uani, injini inanguruma, na ndivyo wanaume wa huku wanavyopiga hodi. Nikamtolea kahawa.

"Hujambo, shemeji?"

"Sijambo."

"Mizani ni yako tena mwaka huu, au vipi?"

"Ni yangu."

Akaipuliza kahawa. "Na Inga?"

Inga ni kompyuta. Imo kwenye chumba cha mizani tangu mwaka tuliooana mimi na Norval. Mfumo unaoiendesha ni wa kizamani, kampuni iliyoutengeneza ilishakufa, nyingine ikaununua, nayo ikauuza kwa wengine. Hao walio nao sasa wanatoa leseni ya mwaka mmoja mmoja. Leseni ikiisha, Inga inawaka vizuri tu, ila haimfungulii mtu mlango. Huingii, programu ya mizani haifunguki, tiketi haitoki. Na lori lisilo na tiketi halimwagi viazi. Kila mwaka wakuu wa ushirika husema mwakani watanunua kompyuta mpya.

Shughuli za leseni zilikuwa za Norval. Alizifanya kila Septemba hapa mezani jikoni, akijisemea peke yake kama mtu anayesuluhisha ugomvi wa watoto.

Alifariki Aprili. Moyo. Alikuwa anafunga kamba za viatu.

"Leseni nitaiangalia," nikamwambia Duane.

"Usijikimbize."

"Wala sijikimbizi."

Akarudisha kikombe dirishani na kuondoka. Nimesali, sasa nalala.

Jumanne, 22 Septemba

Mvua. Nimeosha madirisha ya chumba cha mizani, upande wa ndani.

Alhamisi, 24 Septemba

Nimefungua sanduku la barua pepe la Norval. Neno la siri liko nyuma ya kalenda, kwa mwandiko wake. Kulikuwa na ujumbe: "Mpendwa Norval, leseni yako inakwisha tarehe 12 Oktoba. Thibitisha kuwa bado ni mwenye leseni." Chini yake kitufe cha bluu.

Sikubonyeza. Nikawaandikia kwa jina langu. Nilianza na lile neno lenyewe, vidole vikagoma. Nikaandika hivi: "Habari zenu. Norval hayupo. Mimi ni mkewe, Ardis. Tungependa leseni nyingine, mkipata nafasi. Hakuna haraka. Samahani kwa usumbufu."

Nilisoma mara mbili. Hakuna uongo hata mmoja humo.

Ijumaa, 25 Septemba

Tumekwenda mjini kuapa, sisi wapimaji. Mkono juu, kwa msaada wa Mungu: uzito wa kweli, siku ya kweli, jina la kweli. Karani ana mafua. Nimenunua chumvi.

Jumatatu, 28 Septemba

Wamejibu. Mwandishi ni Bi Fernanda Medeiros, yuko huko pwani ya mashariki.

"Asante kwa kutuandikia, Bi Ardis. Leseni imeandikwa kwa jina la Bw. Norval, hivyo ni lazima athibitishe mwenyewe. Kwa kuwa umesema hakuna haraka, ombi tumeliweka kwenye foleni ya kawaida. Akirudi, mwambie abonyeze kitufe cha bluu. Siku njema."

Akirudi. Nililisoma neno hilo nimesimama, nikakaa nikalisoma tena. Nikatazama mlango wa nyuma, ule anaoingilia Norval na matope. Halafu nikajibu: "Sawa. Asante sana."

Usiniulize kwa nini. Mtu akikuandikia kwa adabu unamjibu sawa. Nilitaka nisahihishe, lakini ningekuwa kama namsuta, na yeye hajui.

Jumatano, 30 Septemba

Hakuna la kuandika.

Alhamisi, 1 Oktoba

Mavuno yamefunguliwa usiku wa manane kama desturi. Mimi nina zamu ya mchana. Malori yanapanda mizani yamejaa, nayapima, yanakwenda kumwaga viazi kwenye rundo, yanarudi matupu, nayapima tena, natoa tiketi, natia sahihi. Mona Lindahl ndiye anayechukua sampuli. Tumejuana tangu darasa la watoto kanisani na hajawahi kunyamaza tangu siku ile.

"Shoga, hilo si sweta la Norval?"

"Lina joto."

"Linakufika magotini. Unaonekana kama gunia lililotoroka ghalani."

Nadhani nilicheka. Sauti ilitoka.

Jumamosi, 3 Oktoba

Joto limezidi. Viazi vikirundikwa vikiwa na joto vinaoza kuanzia katikati, kwa hiyo kituo kimefungwa. Wakulima wanazunguka mjini na malori matupu, wanaangalia mbingu, wananunua mbao wasizozihitaji.

Jumapili, 4 Oktoba

Kanisani kila aliyenishika mkono aliniuliza hujambo, nami nikajibu sijambo. Mchungaji aliushikilia mkono wangu kuliko wengine. "Kweli, Ardis?" Nikamwambia kweli. Ndani ya nyumba ya Mungu. Kisha nikala keki.

Jumanne, 6 Oktoba

Tumefungua tena. Duane kapitisha kichwa dirishani.

"Ile leseni, shemeji, imefika?"

"Wanaishughulikia."

"Kwa hiyo tuko sawa?"

"Tuko sawa tu."

Akapiga ukingo wa dirisha kwa furaha kama anayepiga mgongo wa farasi. Nikamwona anakwenda kumwambia mwendesha mashine ya kurundika kwamba tuko sawa. Neno langu likazunguka uwanja mzima.

Alhamisi, 8 Oktoba

Mvua. Matope. Kituo kimefungwa.

Ijumaa, 9 Oktoba

Bado mvua. Jioni karamu ya kanisa, samaki wa magadi wa Kinorwe. Kila mwaka ni vilevile: samaki mkavu aliyelowekwa mpaka akawa kama uji ulioganda, siagi juu yake, na zile chapati zetu za viazi. Watu wanatoka mbali kuja kumla na kumsema vibaya.

Niligawa siagi. Mona alikaa mbele yangu na sahani.

"Mtazame huyu samaki anavyotetemeka. Ananiogopa."

"Kula."

"Nakula. Ardis, nikuulize. Umelia?"

"Kwenye mazishi."

"Kwenye mazishi ulikuwa unakata mikate. Nilikuwepo, nilikupa kisu."

Nikamwongeza siagi. Hakuuliza tena. Akala samaki mzima, na hampendi.

Jumapili, 11 Oktoba

Barabara zimekauka, wamefungua asubuhi hata Jumapili, maana redio inasema baridi kali inakuja Ijumaa. Kiazi kilicho ardhini kikiganda hasa, kwisha habari yake. Nikaenda ibada ya mapema, kisha mizani.

Nilisali kuhusu leseni. Nikajisikia namwambia Mungu: ukipata nafasi.

Jumatatu, 12 Oktoba

Leseni inakwisha usiku wa leo. Kazi imekuwa mfululizo, sikuinuka hata kula. Nimerudi nyumbani nimewasha kompyuta ya Norval. Hakuna kitu kutoka kwa Fernanda. Nikaandika: "Kama haitakuwa usumbufu, leseni yetu inaisha leo." Ofisi yao ilikuwa imeshafungwa.

Nikarudi kwenye ule ujumbe wa kwanza. Kitufe cha bluu kipo palepale. Kugusa mara moja tu na mambo yangekwisha. Juu yake pameandikwa: Mimi, Norval Skogstad, nathibitisha. Kidole nilikiweka. Kilikaa pale mpaka skrini ikazimika yenyewe kwa kuchoka kunisubiri.

Sikubonyeza. Usidhani ni ucha Mungu. Sikuweza tu kuandika kwamba mimi ni yeye.

Jumanne, 13 Oktoba

Nitaandika kirefu, nivumilie.

Nilipofika, wa zamu ya usiku alikuwa amesimama nje na koti. "Bi Ardis, Inga haifunguki." Nikajaribu mimi. Iliniambia kwa zile herufi zake za kijani kwamba leseni imepita wakati. Dirishani malori yalikuwa yamejipanga kutoka mizani mpaka lango, na kutoka lango mpaka barabara kuu, yamejaa, moshi unapanda wima kwa baridi. Hakuna aliyepiga honi. Huku kwetu hatupigi honi.

Duane akaja mbio.

"Shemeji, si tulisema tuko sawa?"

"Tulisema."

"Sasa?"

"Sasa hatuko sawa."

Alivua kofia, akaivaa. Duane si mtu mbaya. Alisoma shule moja na Norval na alibeba jeneza lake upande wa kushoto. Akaitazama Inga, akasema polepole: "Norval aliwahi kuniambia. Inga haijui leo ni lini isipokuwa umeiambia. Ukirudisha saa yake nyuma mwaka mmoja, leseni inafufuka."

"Tiketi zitatoka na tarehe ya mwaka jana."

"Uzito ni uleule, shemeji. Nani anaumia?"

Nilifikiria kiapo. Nilikifikiria kama unavyofikiria kitu kilicho chumba kingine. Nje mwanamume mmoja alikuwa ameshuka kwenye lori, amesimama tu, mikono mifukoni, anaangalia viazi vyake. Nikakaa kwenye skrini kuu, ile inayomkubali mtu hata bila leseni, nikaiandikia Inga kwamba leo ni tarehe kumi na tatu Oktoba ya mwaka jana.

Ikakubali papo hapo. Mlango ukafunguka.

Basi nikapima. Lori baada ya lori. Kila tiketi ilitoka na mwaka jana juu kulia, na jina langu chini. Vijana waliona, wakatania. "Bi Ardis, kama ni mwaka jana nirudishieni nywele zangu." Mwingine: "Mimi mwaka jana sikuwa na mama mkwe nyumbani, naomba nibaki huku." Mona alikuja na ndoo ya sampuli, akasoma tiketi moja begani kwangu, na kwa mara ya kwanza maishani mwake hakusema lolote.

Nikwambie ukweli, nilistarehe. Sikufurahi, ila nilistarehe. Kwenye tiketi zile Norval alikuwa uwanjani anatia mashine grisi. Angeingia saa sita na kopo lake la supu. Nilikuwa nimekaa ndani ya mwaka ambao hakuna kilichonipata, natia sahihi, natia sahihi.

Mchana akapanda mizani mzee Orlyn Nesset. Shamba lake linapakana na letu. Ana miaka mingi, na lori lake karibu sawa naye. Viazi vyake ndivyo vilivyochelewa kuliko vya wote, vingi viko ardhini bado. Nikampa tiketi. Akaiweka mbali na macho, akasoma.

"Kumi na tatu. Mwaka jana."

"Ni Inga, mzee. Tunaitengeneza."

"Siku hii Norval alinivuta mtaroni." Akaendelea kuitazama. "Tarehe kumi na tatu, ndiyo. Nilikuwa nimeingia na gurudumu zima. Alikuja na trekta, akanivuta, nikamwambia ingia ndani unywe kahawa, akasema hapana. Nikamwambia tena, akasema hapana, ana kazi. Mara ya tatu sikumwambia, akaondoka." Akaikunja tiketi, akaitia mfuko wa shati, akafunga kifungo. "Ningemwambia mara ya tatu angeingia."

Akaweka gia, lori likashuka.

Sikujua hayo ya mtaroni. Norval hakunieleza, au alinieleza nikiwa nakaanga kitu. Siku ile alikuwa na mambo yake aliyoyafanya, na mimi tangu asubuhi nilikuwa narundika malori ya watu juu yake.

Nikamwambia dereva wa nyuma asubiri. Nikaenda ofisi ya Duane, nikapiga ile namba iliyo chini ya barua za Fernanda.

"Medeiros."

"Habari za mchana. Samahani kwa usumbufu. Mimi ni Ardis Skogstad, ile leseni ya—"

"Ardis! Nimeiona ya jana usiku. Vipi, mama, mumeo bado hajarudi?"

Sauti yake ni ya haraka, kama mtu anayeongea huku anashuka ngazi.

"Bado," nikasema. Sikiliza ujinga huo. Nilisema bado.

"Sasa mama, nifanyeje mimi? Lazima yeye. Hana simu huko aliko?"

Duane alikuwa mlangoni. Akainamisha kichwa.

"Fernanda," nikasema, "nilikuandikia kwamba hayupo."

"Ndiyo, hayupo! Na wangu hayupo, mama, yuko dukani anatafuta bomba tangu saa nne!"

Sikucheka. Nikasikia anavuta kiti.

"Mama. Hayupo vipi?"

"Amekufa," nikasema. "Mume wangu amekufa. Aprili."

Ni mara ya kwanza nimelitamka. Nilikuwa nimesema ametutoka, ameitwa, amepumzika, hayupo. Lilitoka fupi kuliko nilivyotegemea. Nikangoja kitu kitokee ndani yangu. Nilichokisikia ni miguu tu, ghafla, kwamba ina baridi na viatu vimelowa.

"Yesu na Maria," akasema Fernanda. "Pole. Pole sana, mama. Na mimi nakuambia abonyeze kitufe. Kwa nini hukunisahihisha?"

"Uliandika vizuri. Sikutaka kukuaibisha."

"Uniaibishe! Nyie watu wa huko mtakufa kwa adabu." Halafu akajishika. "Nisamehe. Sikiliza. Mwenye leseni akifariki kuna njia yake. Nitumie cheti cha kifo kwa faksi, uniambie nani anachukua, naiandika upya. Nani anachukua?"

Duane alijinyoshea kidole mwenyewe, kwa upole, kama anayejitolea kubeba mfuko wangu.

"Andika jina langu," nikasema.

"Na haraka kiasi gani? Sasa niambie ukweli, tafadhali, maana ukisema hakuna haraka naweka kweli hakuna haraka."

"Haraka sana," nikasema. "Malori yamefika barabara kuu. Baridi inakuja Ijumaa. Kuna mzee ana viazi ardhini na hana mwaka mwingine wa kungoja. Ninakuomba unisaidie."

"Hapo umesema," akajibu. "Lete cheti."

Nilipokata simu Duane alisema tuendelee na mwaka jana mpaka leseni ifike. Nikamwambia hapana, siweki tena jina langu kwenye siku isiyo yake.

"Shemeji, unatumaliza."

"Najua."

"Ni kwa ajili ya kiapo?"

"Kiapo pia."

Nikairudishia Inga tarehe ya leo. Ikafunga mlango. Nikatoka nje kuwaambia wenyewe, lori kwa lori. Walisikiliza, wakasema sawa, wakapandisha vioo. Mtu wa huku akikasirika husema sawa. Mmoja aliniletea kahawa, na hiyo ilikuwa mbaya kuliko tusi.

Jumatano, 14 Oktoba

Cheti kilikuwa kwenye droo ya jikoni, bahasha haijafunguliwa tangu Mei. Nimekifungua kwa kisu cha siagi. Kina makosa hakina makosa, sikusoma, nilitazama jina tu. Mchungaji alikituma kwa faksi ya kanisa. Karatasi ikaingia polepole kwenye mashine kama inanywewa. Mchungaji hakuniuliza hujambo.

Fernanda alipiga mchana: cheti kimefika, bosi wake anatakiwa atie sahihi, bosi yuko kikaoni.

"Nimekaa mlangoni kwake," akasema. "Akitoka kwenda haja namkamata."

Malori yamesimama siku nzima. Duane hajanisemesha. Jua zuri, hali nzuri kabisa ya kuchimba, na hakuna aliyechimba, kwa sababu yangu. Nimekula mkate nimesimama.

Alhamisi, 15 Oktoba

Imefika asubuhi na mapema. Leseni si karatasi ya kutundika ukutani, ni mistari ya maandishi unayoipiga herufi kwa herufi: jina la mwenyewe, tarehe, kiasi cha matumizi, na mwishoni mlolongo wa herufi ambao Inga huulinganisha na yote ya juu. Herufi moja ikienda upande, inakataa yote.

Nikapiga. Ikakataa. Nikapiga tena polepole. Ikakataa. Nje Duane alikuwa anatembea mbele ya dirisha, huku na huku. Nikampigia Fernanda.

"Soma ulivyoandika, mama."

Nikasoma. "Ardis Skogstad."

"Ngoja... Uuwi. Mimi nimekuandika Adris. Bosi kashatia sahihi. Nikibadilisha, inarudi mwanzo, kesho hiyo."

"Kwa hiyo?"

"Kwa hiyo andika kama nilivyokosea mimi. Kwake hiyo mashine, kosa langu ndilo sahihi."

Jina la kweli, nilikuwa nimeapa. Nikamweleza Fernanda hilo, maana sikutaka kulimeza peke yangu. Akafikiri. Akasema hicho si kiapo cha mizani, ni kufungua mlango tu, na kwenye tiketi nitatia sahihi jina langu mwenyewe. "Na ukitaka nikuandikie barua kwamba mjinga ni mimi, naiandika sasa hivi."

"Iandike," nikasema. "Ukipata— Iandike leo."

Akacheka mpaka akakohoa. Nikapiga Adris. Inga ikafunguka.

Duane aliingia, akasimama nyuma ya kiti changu, akaangalia lori la kwanza likipanda mizani na tarehe ikitoka. Tarehe ya leo.

"Adris," akasema. "Ni la Kinorwe?"

"Nenda kafanye kazi, Duane."

Ijumaa, 16 Oktoba

Nimekaa mizani tangu alfajiri hadi giza, mpaka wa usiku akanipokea. Baridi imeshuka kama walivyosema. Mzee Orlyn alipita mara nyingi, macho mekundu, wanawe wote wanamchimbia na majirani wawili. Kipande chake cha kaskazini hakikuchimbwa kwa wakati. Alikuja dirishani kunijulisha mwenyewe, ili nisisikie kwa watu.

"Kilichobaki si kingi," akasema.

"Ni kiasi gani?"

"Si haba."

"Mzee, niambie."

Akatazama viatu. "Ni kingi, Ardis. Ni kingi kweli."

"Ningeacha saa nyuma, ungewahi."

"Ningewahi." Tukasimama hivyo, dirisha wazi, baridi inaingia.

Jumapili, 18 Oktoba

Ibada. Aliyeniuliza hujambo nilimwambia sijui. Wengine waliona vigumu. Mama mmoja mzee wa kwaya alisema, "Afadhali," akakaa nami mpaka kanisa likawa tupu.

Jumatatu, 19 Oktoba

Nimeandika upya tiketi zote za ile tarehe kumi na tatu, nimezipeleka majumbani na kuzichukua zile za mwaka jana. Kila nyumba kahawa. Duane aliendesha gari, alinifungulia mlango. Orlyn alipokea mpya, ya zamani akakataa kunipa. Akasema imepotea. Niliiona ilivyotuna mfukoni mwake.

Nikamwambia kwamba shamba letu limevunwa lote na mashine zetu zimekaa bure, na majira ya kuchipua yajayo aje achukue mashine anayotaka. Akasema hapana. Nikamwambia tena, akasema hapana. Nikamwambia tena.

Alhamisi, 22 Oktoba

Theluji kidogo, haikukaa.

Ijumaa, 30 Oktoba

Kituo kimefungwa rasmi. Rundo limelala uwanjani lina mvuke, refu kama mtaa. Tumekula nyama na viazi vya kuoka ndani ya chumba cha mizani, Mona kaimba. Usiku wa jana, sikutaka kukuandikia lakini sasa naandika, nimelia kidogo, nikiwa naosha sufuria. Haikuwa kubwa. Nikamaliza sufuria.

Kabla ya kuzima Inga kwa msimu huu, nikaiambia inionyeshe leseni zote. Zimetoka mbili. Ya chini imeandikwa Adris Skogstad, inatumika. Ya juu imeandikwa Norval Skogstad, imekwisha.

Nikampigia Fernanda kumshukuru, na nikamwuliza kama ile iliyokwisha ni lazima kuifuta.

"Ukitaka. Nitakupa amri ya kuifuta, ni neno moja."

"Na nikiiacha, ina madhara?"

"Hapana, mama. Haifanyi kazi, haizuii nyingine. Itakaa tu hapo kwenye orodha."

Nikamwambia basi ikae.